Watu Mia Sita, Mwendo Mmoja

"Umenifuata mpaka huku?" aliuliza mwanamume aliyekaa kwenye benchi, bila kugeuza kichwa. "Si nilikwambia nitarudi kabla ya chakula?"

Subilaga alisimama katikati ya ukumbi wa studio yake, funguo za ofisi mkononi. Akatazama nyuma, labda kuna mtu aliyeingia pamoja naye. Hakukuwa na mtu. Yule mwanamume alikuwa na miwani myeusi na fimbo nyeupe iliyokunjwa mapajani, na koti kuukuu la kiwanda cha chai lililopauka mabegani.

"Samahani, baba," Subilaga alisema. "Nadhani umenifananisha."

Uso wa yule mwanamume ulilegea, halafu ukakaza. "Sauti siyo," alijisemea. "Nisamehe, binti. Siku hizi kila mtu namwona mke wangu. Juzi pale posta nimemshika mkono dada mmoja nikamwambia maneno ambayo mtu humwambia mkewe tu. Mumewe alikuwa hapo hapo, anabandika stempu."

Kwa siku nyingine Subilaga angecheka. Leo hakucheka, kwa kuwa alijua mara moja mtu huyu amekuja kuuliza nini. Miaka mitatu alikuwa anamngoja mtu wa kuja kuuliza, na miaka mitatu alikuwa anaomba asitokee.

Alimfahamu, kama kila mtu wa mji wa Ikombelo alivyomfahamu. Alikuwa Ambwene, mwonja chai. Ungempa kikombe akapiga funda moja kwa kelele, akakwambia majani yametoka mteremko upi, yamechumwa kabla ya mvua au baada, na mchumaji alikuwa na haraka au hakuwa nayo. Macho yalimpotea angali kijana. Kilichobaki, ulimi, pua na masikio, kilifanya kazi ya watu watatu.

"Mimi si mtu wa kulalamika," Ambwene alisema. "Homa ya ganzi ilimlaza mke wangu Tupokigwe, nyinyi mkamwinua. Ahsanteni. Nimekuja na swali moja tu, na daktari kule hospitali kalikwepa mara nne. Kwa nini mke wangu anatembea kama wenzake?"

"Kama wenzake kivipi?"

"Binti, mimi sioni, lakini si mjinga. Niletee maji ya kunywa kwanza, koo limekauka."

Subilaga alikwenda. Chombo cha maji kilikuwa upande wa pili wa ukumbi, baada ya ngazi tatu. Alishuka, akajaza bilauri, akapanda, akamkabidhi. Ambwene aliishika bila kuinywa.

*

Hapa inabidi tusimame kidogo, maana asiyekuwepo mwaka ule hawezi kujua ile homa ilivyokuwa.

Haikuua. Zilipita siku nne, mtu akapona, akala, akaongea vizuri, lakini alipotaka kushuka kitandani miguu haikujua la kufanya. Nguvu ilikuwepo. Kumbukumbu ya kutembea ndiyo ilikuwa imefutika, safi kabisa, kama ubao wa shule baada ya kengele. Madaktari waligundua kwamba ubongo ulikuwa tayari kufundishwa upya, ila kwa siku sitini tu. Baada ya hapo mlango ulifungwa na mgonjwa alibaki kitandani maisha yake yote.

Dawa ilikuwa filamu. Mgonjwa alivishwa kofia ya nyaya, akaonyeshwa kibonzo cha dakika tatu mara kumi na moja, na kofia ikauambia ubongo: hayo unayoyaona umewahi kuyafanya wewe. Ubongo ukayapokea kama kumbukumbu yake. Wataalamu waliita jambo hilo kupiga muhuri, na muhuri ukishapigwa haufutiki ila kwa hatari.

Kulikuwa na kikwazo kimoja. Ubongo ukionyeshwa mtu wa kawaida akitembea, ulibisha. Huyu si mimi, ulisema, pua yake si yangu, na ukakataa kila kitu. Lakini ulipoonyeshwa mtu mwenye birika badala ya kichwa, anatembea darini huku viatu vikinyesha mvua kwenda juu, ulishangaa mpaka ukasahau kubisha, ukachukua miguu peke yake. Kwa hiyo walihitajika wachora vibonzo wa mambo ya ajabu, na katika nyanda zile zote wa ajabu kuliko wote alikuwa Subilaga.

Alijulikana kwa filamu fupi moja, *Mji wa Pasi*. Ndani yake watu wa mji mzima wanapanga foleni kupigwa pasi. Mmoja anaingia na nundu yake, mwingine na kicheko chake cha mbuzi, mwingine na kivuli kinachochelewa kumfuata, na wote wanatoka upande wa pili bapa, wenye vichwa vya birika, wakitembea sawasawa mpaka mwisho wa barabara ambapo kuna kabati refu, na kila mmoja anaingia kwenye droo yake mwenyewe na kuifunga kwa ndani. Ilipata tuzo. Magazeti yalimwita mtetezi wa nafsi ya mtu. Ukurasa mmoja wa gazeti bado ulikuwa umetundikwa ukumbini, juu ya kichwa cha Ambwene, na Subilaga alishukuru kwamba mgeni wake hakuweza kuusoma.

*

"Shuka zile ngazi tena," Ambwene alisema.

"Baba, ungeniambia tu shida ni—"

"Shuka, binti. Nakuomba."

Alishuka. Akapanda. Kila hatua aliisikia yeye mwenyewe, kulia, kisha kushoto na kuchelewa kidogo, kulia, kisha kushoto na kuchelewa kidogo.

"Mji mzima una hako kakwazo ka mguu wa kushoto," Ambwene alisema. "Mke wangu anako, mchungaji anako, yule dada wa posta anako. Nimekasikiliza miaka mitatu. Kwao hakabadiliki. Wapande mlima, washuke, kuwe na baridi au jua, kako vile vile. Wewe ulipofika kwenye ngazi umeuhurumia mguu. Umeuweka chini polepole kama mtu anayelaza mtoto. Wewe huo mguu unakuuma. Wao hauwaumi." Aliweka bilauri sakafuni. "Ulivunjika lini?"

Subilaga alikaa chini, hapo hapo kwenye ngazi. "Nilikuwa na miaka tisa. Nilianguka na baiskeli."

"Basi ni wako."

"Ni wangu, baba."

Wachora vibonzo wana desturi yao. Kabla ya kumchora mtu anayetembea, wanatembea wenyewe mbele ya kioo, huku na huku, mpaka mkono ushike kile ambacho mwili umefanya. Ndivyo alivyochora kundi la *Mji wa Pasi*. Hakumhitaji mtu mwingine kwa kundi la watu wasio na nafsi, akajitembeza mwenyewe, akachora picha ishirini na nne za hatua mbili, akazirudia mara elfu. Alikuwa anawacheka watu hao wakati anawachora. Hilo ndilo lililomuuma kuliko yote.

Akamweleza Ambwene, na hakujipendelea.

Wagonjwa walikuwa mia sita na arobaini. Kila familia ilileta video ya mtu wake akitembea zamani, harusini, shambani, popote, ili achorewe mwendo wake mwenyewe. Kumchora mtu mmoja kwa haki kulichukua siku mbili, hata akisaidiwa na wanafunzi wake wawili. Alichora kumi na tisa. Siku ya thelathini na nane alipiga hesabu kwa mara ya kwanza, akaona siku zilizobaki zinatosha watu kumi na mmoja tu. Akafungua *Mji wa Pasi*, akatoa lile kundi, akachukua birika moja, akalivika vitenge na makoti na kofia za hao mia sita na ishirini na mmoja waliobaki, kila mmoja nguo alizovaa kwenye video yake. Chini yake miguu ilikuwa ile ile. Wote waliinuka.

"Halafu?" Ambwene aliuliza.

"Halafu nikasaini vyeti."

Ambwene aliingiza mkono ndani ya koti akatoa karatasi iliyokunjwa mara nne. Alikuwa ameibeba makusudi. "Nisomee."

"Naijua, baba."

"Nisomee mimi."

Subilaga aliifungua. Sauti yake ilikuwa ndogo. "Inathibitishwa kwamba mwendo huu ni wa Tupokigwe, mke wa Ambwene, umechorwa kutokana na mwili wake mwenyewe na si wa mtu mwingine yeyote."

Subilaga aliishusha karatasi.

"Ungetuchorea kila mtu wake," Ambwene alisema, "mke wangu angekuwa wa ngapi?"

"Wa mia nne na tatu."

"Asingefikiwa."

"Asingefikiwa."

"Basi angekuwa kitandani mpaka leo, nami namgeuza ubavu. Hapo sina neno, binti. Hata mimi ningefanya hivyo hivyo. Mimi nasema juu ya hii karatasi." Alinyoosha mkono akarudishiwa, akaikunja taratibu. "Ungeniambia si wake, ningemfunga njuga mguuni. Ningemwambia agonge ukuta anapoingia, tukacheka, mambo yakaisha. Lakini karatasi ilisema ni wake mwenyewe. Sasa mimi nifikirie nini? Nilifikiria masikio yangu yamekufa. Na kama masikio yananidanganya, ulimi nao je? Mwaka jana nimeandika barua nikaacha kuonja chai. Miaka thelathini na moja. Wakanifanyia sherehe wakanipa saa ya ukutani. Mimi, saa ya ukutani."

Subilaga alitamani Ambwene amtukane. Angetukana ingekuwa nafuu.

*

Simu ililia kabla hajapata la kusema. Alikuwa Daktari Lusajo, mkuu wa mradi, na kama kawaida yake aliongea kabla ya salamu.

"Subi, Masukila nao wamepata homa, na leo wamefika siku ya arobaini. Wagonjwa mia tisa. Nataka filamu hapa leo saa kumi. Mwendo ule ule, badilisha nguo tu."

Subilaga alikwenda dirishani. Ng'ambo ya barabara watoto wa shule ya msingi walikuwa kwenye mazoezi, na hao hawakuugua hata mmoja. Mwalimu alipiga filimbi na wote wakatembea, kulia, kisha kushoto na kuchelewa kidogo. Walifundishwa. Mwendo wa Ikombelo uliitwa sasa mwendo wa waliopona, na kuutembea ilikuwa ndiyo adabu. Wale kumi na tisa aliowachora kwa haki waliitwa vilema, wakafanyiwa dhihaka sokoni. Mmoja wao, fundi seremala, alikuja mwezi uliopita akamsihi ampe mwendo wa watu. Alipomkatalia alikwenda kujifunza mbele ya kioo cha duka la nguo, mchana kweupe, wapita njia wakimrekebisha.

"Filamu nitatuma," Subilaga alisema. "Vyeti sitasaini."

"Usianze."

"Waambiwe ukweli, daktari. Mwendo ni wa kuazima, ni wa mtu mmoja, hatukuwa na muda wa zaidi. Wachague wenyewe."

"Ukiwaambia Masukila, kesho Ikombelo wamejua. Umefikiria? Watu wana amani. Wanajivunia miguu yao. Unataka kwenda kumwambia mama wa watu kwamba miaka mitatu anatembea na kovu lako?" Lusajo alishusha pumzi. Hakuwa mtu mbaya. Mama yake mzazi alikuwa namba mia tano na sitini. "Subi, wanatembea au hawatembei?"

"Wanatembea."

"Basi niachie mengine. Saa kumi."

Simu ikakatika. Ubaya wa maneno ya Lusajo ni kwamba Subilaga alikuwa amejiambia hayo hayo kila asubuhi kwa miaka mitatu, tena kwa ufasaha zaidi.

*

Mlango ulifunguliwa, na hatua zikaingia. Ambwene aliinua kichwa, akasita, akakigeuzia upande wa dirishani alipokuwa Subilaga, kisha akakirudisha. Hakujua aelekee wapi.

"Ni mimi, baba Lugano," alisema mwanamke aliyeingia. Alikuwa mnene kiasi, mwenye kitenge cha kijani na kilemba cha rangi hiyo hiyo, na jasho la mlima usoni. "Chakula kinapoa. Nimeuliza posta wakaniambia umeelekea huku. Pale posta siku hizi wanakujua sana."

"Mama Lugano, kaa," Ambwene alisema. "Binti ana kitu cha kukuonyesha."

Subilaga hakuwa amesema hivyo. Lakini alifungua kabati. Video zote zilikuwepo, mia sita na arobaini, kila moja ndani ya kisanduku kidogo chenye jina na namba. Hakuwahi kuzitupa wala kuthubutu kuzirudisha. Alitoa namba mia nne na tatu, akaichomeka kwenye mashine, na wakati inajiwasha alimweleza Tupokigwe kila kitu, kwa sentensi fupi, amesimama wima kama mwanafunzi aliyeitwa mbele.

Tupokigwe alisikiliza huku mkono wake mmoja uko begani kwa mumewe. 

Video ikaanza. Uani kwenye harusi, sakafu ya saruji, sufuria kubwa za pilau. Mwanamke mwembamba kidogo kuliko huyu alipita na beseni la vyombo kichwani, miguu ikitazama nje, hatua fupi fupi za haraka, viatu vya plastiki vikipiga sakafu. Alipofika kwenye kona aligeuka kwa kuuburuza mguu mmoja, mara mbili, kama mtu anayefuta kitu chini. Mtu nyuma ya kamera akamtania. Mwanamke akasonya akapita.

"Mbona kama bata," Tupokigwe alisema. Akacheka kidogo, kicheko cha mtu anayemtazama mgeni. "Hivi ndivyo nilivyokuwa natembea mimi?"

Ambwene alikuwa amesimama. Miwani ilimshuka puani. Uso wake ulikuwa umefunguka wote, na alikuwa amenyoosha mkono wa kulia kuelekea kwenye mashine, vidole wazi.

"Huyo," alisema. "Huyo ndiye Tupo wangu. Huyo hapo."

Tupokigwe aliutazama ule mkono. Kisha akautazama mkono wake mwenyewe, uliokuwa bado begani mwa mumewe, akautoa.

"Na mimi ni nani, baba Lugano?"

 Mashine iliendelea kupiga hatua fupi fupi, ikaburuza, ikaburuza. Subilaga aliizima, akiwa amechelewa.

"Unaweza kunirudishia?" Tupokigwe alimuuliza Subilaga, bila kumtazama.

"Naweza kuuchora, mama. Kwa siku mbili. Lakini kwanza huu ulio nao ufutwe, ubongo ufunguke upya, nawe ulazwe siku tisa bila miguu. Katika watu kumi, mmoja hainuki tena."

"Kwa hiyo nikae na miguu yako mume wangu asinijue, au nibahatishe." Alisema kwa utulivu, kama anayerudia bei aliyotajiwa ili awe na hakika ameisikia vizuri. "Na hilo ulilijua siku zote ukinisalimia njiani."

"Nililijua."

Tupokigwe alikaza kilemba chake. Akatoka.

Subilaga naye alipiga hatua mbili kumfuata, akasimama. Mlango ukajifunga. Ambwene, aliyekuwa amesikia hatua za watu wawili zilizo sawa na sasa hasikii yoyote, aligeuza uso huku na huku.

"Mama Lugano?" aliita. "Umebaki?"

Subilaga alinyamaza. Ilikuwa kitambo kifupi tu, lakini ndani yake aliona wazi jinsi ingekuwa rahisi kunyamaza zaidi. Miaka mitatu mizima ndivyo alivyokuwa amefanya.

"Ni mimi, baba. Yeye ameondoka."

Ambwene aliketi taratibu, akatafuta fimbo yake. Aliikunjua nusu, akaiacha. "Mfuate wewe," alisema. "Nimemuumiza, nami sikukusudia. Mimi nikitoka huko nje nitamshika mke wa mtu."

*

Nje king'ora cha kiwanda kilikuwa kimelia saa sita na barabara ilikuwa imejaa. Wachumaji, makarani, mafundi, akina mama waliokwenda kupokea watoto, wote wanakwenda kula. Subilaga alisimama kizingitini. Aliwahi kuichora picha hii, wenye vichwa vya birika wakielekea kwenye droo zao, na alipewa tuzo.

Alitafuta kitenge cha kijani. Viligeuka kuwa vitano, sita. Siku hizo Ikombelo kijani kilikuwa ndiyo mtindo, na aliyevaa kingine alijisikia vibaya. Alijaribu kumtafuta kwa mwendo, kama watu wanavyotafutana tangu dunia iumbwe, na ndipo alipoelewa hasa alichomfanyia yule mwonja chai. Mbele yake kulikuwa na migongo mia mbili, na yote ilikuwa ya kwake.

Akaingia katikati yao, mguu ukimuuma, akamgusa bega wa kwanza mwenye kijani. Mwanamke aligeuka. Hakuwa Tupokigwe. Alikuwa na mwanya na kikapu cha ndizi mbichi, na alitabasamu kwa heshima akingoja kuambiwa shida.

Subilaga angeweza kusema samahani akapita. Angewahi hata kutuma filamu saa kumi, na vyeti, na kesho ingefanana na leo.

"Samahani, mama. Unaitwa nani?"

"Sekela."

Namba mia mbili na kumi na moja. Mwanamke anamfukuza mbuzi kwenye uwanja wa kanisa, anaruka matuta kwa mguu mmoja kama msichana, anacheka mpaka anashika mbavu. Subilaga aliikumbuka video yote.

"Mama Sekela," alisema, na watu wawili watatu waliokuwa karibu wakasimama kusikiliza, "mimi nina mwendo wako. Uko kabatini kwangu, haujaguswa. Huo uliopewa ni wangu."

Yule mama aliendelea kutabasamu kwa muda, kama mtu ambaye hajasikia vizuri. Kisha akatazama chini, miguu ya Subilaga kwanza, halafu ya kwake.